Redio ya Mji wa Vitunguu Saumu

Hotuba kwa watangazaji na mafundi mitambo wa redio jamii, Tanga, Siku ya Redio Duniani

Ndugu mwenyekiti, wazee wangu mliotutangulia kwenye kazi hii, shikamooni. Watangazaji na mafundi mliosafiri usiku kucha kuja hapa, poleni na safari, karibuni Tanga.

Barua ya mwaliko ilinitaka niseme habari za redio jamii ya kesho. Nimemwomba mwenyekiti aniruhusu niseme za jana, tena za mbali, naye kwa hisani yake amekubali. Nataka niwasimulie redio moja ya zilipendwa za roki iliyozaliwa kwenye mji mdogo wa wakulima wa vitunguu saumu huko California, Marekani. Zaidi ya miaka ishirini nimekuwa nikiifuatilia, na kila nikiingia studio asubuhi naikumbuka.

Nilikutana nayo mwaka 2001 kwenye kibanda cha intaneti pale Posta, Dar es Salaam. Mnaokumbuka vibanda vile mnajua: unalipia nusu saa, nusu ya hiyo nusu inaishia kusubiri ukurasa ufunguke. Kijana wa kibanda alikuwa na vipokea sauti masikioni, anatikisa kichwa. Nikamuuliza anasikiliza nini, akanivika. Sauti ilikuja kwa vipande, inakatika, inarudi, gitaa linapotea katikati ya ubeti. Kisha mtangazaji akaanza kusema. Sikushika hata nusu ya maneno yake, lakini mimi ni mtu wa redio, nilijua mara moja kwamba yule mtu anaongea na watu anaowajua. Kuna sauti ya mtu anayesomea umma, na kuna sauti ya mtu aliyeegemea dirisha la jirani. Hii ilikuwa ya dirishani.

Jina la kituo ni KPIG. Najua neno hilo maana yake ni nguruwe, na humu ukumbini wapo ambao hawatalipenda. Vumilieni kidogo, jina lina kisa chake. Marekani kila kituo hupewa herufi za utambulisho, na kwa kawaida zilizo magharibi ya mto Mississippi huanzia na K, za mashariki huanzia na W. Herufi zinazofuata mwenye kituo huomba mwenyewe kama hazijachukuliwa. Kituo kilichokuwa mzazi wa hiki kiliitwa KFAT, maana yake nono. Mtoto wa mnono akaitwa nguruwe, na kwa kuwa masafa yake ni 107.5, pale penye nukta watangazaji walikuwa wanaweka mlio wa nguruwe. Msikilizaji akishasikia hivyo mara moja, masafa hayasahau tena. Sisi tunalipia mabango kwa kazi hiyohiyo.

Basi tuanze na huyo mzazi.

Gilroy uko kusini mwa San Jose, kwenye bonde la mashamba. Unajiita mji mkuu wa vitunguu saumu duniani, na tangu 1979 ukawa na tamasha la vitunguu saumu. Hata mwaka 1980 wakazi wake hawakufika 22,000. Huko ndiko, mwaka 1975, Jeremy Lansman na Laura Ellen Hopper walikoanzisha KFAT kwenye 94.5 FM. Lansman alikuwa fundi. Miaka ya 1960 alishirikiana na Lorenzo Milam kwenye KRAB ya Seattle, redio iliyofunguliwa 1962 na kuishi kwa michango ya wasikilizaji, kisha wakaenda kufungua KDNA huko St. Louis. Nawaomba mafundi mliokaa nyuma msogee kidogo hapa, maana historia za redio huandikwa na watangazaji, na mafundi husahauliwa. Mawimbi ya FM husafiri kwa kuonana: antena ya kurushia na antena ya kupokelea ziwe kama watu wawili wanaotazamana. Mlima ukikaa kati, habari imekwisha. Antena ikikaa juu ya mlima, hata wati chache zinafika mbali. Kituo cha mji wa vitunguu kilirushia kutoka kwenye milima ya Santa Cruz, kwa hiyo kilisikika mbali kuliko ukubwa wa mji wake. Ninyi wa Lushoto mnanielewa.

Walipiga nini? Walipiga kantri, bluzi, roki, muziki wa magitaa wa Hawaii, vichekesho, vyote kwa mchanganyiko mmoja. Na hapa ndipo penye moyo wa kisa changu. Hakukuwa na mtu ofisini aliyeandika orodha ya nyimbo za siku. Mtangazaji aliingia chumba cha santuri, akatazama rafu, akachagua wimbo wa kwanza. Wimbo huo ulimwambia wa pili. Wa pili ulimkumbusha wa tatu, ambao pengine ulirekodiwa miaka thelathini nyuma na mtu wa rangi nyingine kwenye jimbo lingine, lakini magitaa yale yanajibizana. Msikilizaji anaisikia hiyo kamba hata kama hajui kuieleza. Wazee wa Radio Tanzania waliokuwa wakipanga kipindi cha zilipendwa walikuwa na ufundi huohuo: ukisikia dansi la Dar linafuatiwa na la Morogoro, ulijua kuna mtu mle ndani anayeisikia tofauti ya ala za upepo na anataka na wewe uisikie.

Mtindo huo haukuanzia Gilroy. Miaka ya 1960 redio nyingi za FM za Marekani zilikuwa vivuli tu vya redio za AM za mmiliki yuleyule, zinarudia kipindi kilekile. Mamlaka ya mawasiliano ikaweka sheria kwamba kwenye miji mikubwa FM isirudie AM kwa zaidi ya nusu ya muda wake. Ghafla wenye vituo wakajikuta na saa nyingi tupu na fedha kidogo za kuzijaza. Mwaka 1967 huko San Francisco, Tom Donahue akaingia KMPX na kuanza kupiga nyimbo ndefu za kwenye albamu ambazo AM ilizikataa. Redio ya roki ya FM ilizaliwa hivyo, kwenye saa ambazo hakuna aliyezitaka. Jambo hilo hunipa faraja kila ninapopewa kipindi cha saa tisa usiku.

Lakini kitu kikishapata wasikilizaji, hupata na wahasibu. Katika miaka ya 1970 walitokea washauri waliouza fomula kwa vituo vya roki: piga hizi, acha hizi, rudia hizi mara kadhaa kwa siku. Kisha Fred Jacobs, aliyewahi kufanya kazi WRIF ya Detroit, akaona kwamba wale waliokuwa vijana 1967 sasa wana kazi, wana watoto, wananunua magari, na bado wanataka muziki wao. Mwaka 1985 kituo cha WMMQ cha Michigan kikawa cha kwanza kuchukua mpango wake: roki ya zamani tupu, mchana na usiku. Hapo ndipo zilipendwa za roki zilipopata jina la biashara na kuenea nchi nzima.

Sitaki kumsema vibaya Jacobs. Alikuwa sahihi kuhusu wasikilizaji, na vituo vingi vya miji midogo viliponea kwenye mpango huo. Ninachosema ni kwamba zilipendwa zikishafanyiwa utafiti huwa chache. Unamchezea msikilizaji sekunde kumi za kila wimbo, anakuambia anaupenda au haupendi, na kila usiofahamika na wengi unatupwa nje. Baada ya miaka michache bendi iliyotoa albamu kumi imebakiwa na nyimbo mbili hewani. Tunayafanya hayo sisi pia. Bendi ya Marijani Rajab ilikuwa na nyimbo ngapi? Na kwenye kompyuta za vituo vyetu ziko ngapi? Ninyi wenyewe mnajua.

KFAT haikudumu. Mwaka 1983 ilikwisha, masafa yakaingia mikononi mwa wengine na muziki mwingine. Baadhi ya watu wake walijaribu tena Hollister, mji wa jirani, kwenye kituo kilichoitwa KHIP. Halafu mwaka 1988 Laura Ellen Hopper na wenzake wakaanzisha KPIG kwenye leseni ya mahali panapoitwa Freedom, pembeni ya Watsonville, upande wa pili wa milima ile.

Watsonville ni mji wa stroberi na tufaha na viwanda vya kugandisha mboga. Wakazi wengi ni wa asili ya Mexico. KPIG ilipoingia hewani, mji ulikuwa umetoka juzi tu, Machi 1987, kwenye mgomo wa miezi 18 wa wafanyakazi wa viwanda hivyo, wengi wao wanawake. Na mwaka mmoja baadaye, tarehe 17 Oktoba 1989, saa kumi na moja na dakika nne jioni, likaja tetemeko la Loma Prieta, la kipimo cha 6.9, lililoua watu 63 katika eneo zima na kubomoa sehemu kubwa ya katikati ya Watsonville. Kitovu chake kilikuwa kwenye milima hiyohiyo ya Santa Cruz. Nawatajia haya ili msidhani nazungumzia redio ya watu waliokaa ufukweni na gitaa. Ulikuwa mji wenye kazi ngumu na misiba yake.

Katika mji huo KPIG ikaendelea na kanuni ya KFAT: anayekaa kwenye mashine ndiye anayechagua. Jumapili asubuhi wanamuziki waliingia studio na kupiga moja kwa moja, wa pale jirani pamoja na waliokuwa wakipita. Ilikuwa redio ya kibiashara, ikiuza matangazo kama nyingine, na bado ikawaachia watangazaji wake masikio yao. Hopper alikaa hapo, akiongoza vipindi na kutangaza, hadi alipofariki mwaka 2007. Kituo kimebadili wamiliki zaidi ya mara moja, lakini kimebaki.

Sasa nirudi kwenye kile kibanda cha Posta, maana nilikuwa na swali: sauti ya mji wa stroberi ilifikaje Dar es Salaam?

Novemba 1994 redio ya wanafunzi ya WXYC, North Carolina, ilianza kurusha matangazo yake kwenye intaneti. Mwaka uliofuata KPIG ikafanya hivyo, nayo ikawa miongoni mwa redio za kwanza za kibiashara duniani kufika huko. Fikirieni. Si vituo vya New York wala London. Ni kituo cha mji wa mashamba, kwa sababu humo ndani alikuwapo mtu wa mitambo, Bill Goldsmith, aliyeona kwamba intaneti ni mlima mwingine wa kuwekea antena. Huyo baadaye, mwaka 2000, alianzisha redio yake ya intaneti, Radio Paradise, ambayo nayo iko hai.

Mwaka mmoja baada ya mimi kuisikia, sauti ile ilinyamaza kwenye intaneti. Sababu yake naomba tuipigie hesabu pamoja, kwa kuwa sisi wenyewe tunaingia huko. Marekani redio ya hewani humlipa mtunzi wa wimbo, lakini haimlipi mwimbaji wala mwenye rekodi. Sheria ya 1998 ilisema redio ya intaneti italipa na hao pia. Juni 2002 kiwango kikatangazwa: sehemu 0.07 ya senti ya dola kwa kila wimbo kwa kila msikilizaji, na malipo yarudi nyuma hadi Oktoba 1998. Inaonekana ndogo. Chukua wasikilizaji 1,000 na nyimbo 15 kwa saa: ni dola 10.50 kwa saa moja. Kwa siku, dola 252. Kwa mwaka, karibu dola 92,000. Kwenye hewa, msikilizaji mmoja akiongezeka gharama haisogei. Mnara ni uleule. Kwenye intaneti, kila anayekuja anakuja na bili yake. Kadiri unavyopendwa ndivyo unavyodaiwa. KPIG ikazima mlio wake wa bure mwaka huo, na baadaye ikarudi kwa wasikilizaji wanaolipia.

Nimejiuliza mara nyingi nani alikuwa na haki pale. Mwimbaji anastahili kulipwa. Hilo silipingi, na wajane wa wanamuziki wetu hapa Tanga wananijua kwa kulisema. Lakini kiwango kilekile kwa redio kubwa na kwa redio ya mji wa mashamba kinamwelemea mdogo, na mdogo ndiye aliyekuwa akiwapiga wale waimbaji ambao hakuna mwingine anayewapiga. Hesabu hiyo waandishi wa sheria hawakuipiga. Nasi tukikaa na chama cha hakimiliki, tuipige mapema.

Kuna kitu kingine kilichotokea wakati huo, na hiki sikukutana nacho kwenye muziki. Hadi 1984 mtu au kampuni moja Marekani haikuruhusiwa kumiliki zaidi ya vituo saba vya AM na saba vya FM nchi nzima. Idadi hiyo ikaongezwa taratibu hadi kufika vituo 40. Februari 1996 sheria mpya ya mawasiliano ikaondoa kikomo cha taifa kabisa. Miaka michache baadaye kampuni moja ilikuwa na vituo zaidi ya 1,200. Vituo vya miji midogo vilinunuliwa kwa mafungu, na mtangazaji mmoja akawa anarekodi sauti kwa miji mitano ambayo hajawahi kuikanyaga. Tangazo la hali ya hewa likasomwa na mtu asiyejua mto uko upande gani.

Usiku wa tarehe 18 Januari 2002, saa saba na dakika thelathini na saba, treni ya mizigo ilipinduka nje ya mji wa Minot, North Dakota. Mabehewa 31 yalitoka relini. Matangi yaliyobeba amonia yakapasuka, na wingu la gesi likashuka juu ya mji. Baridi ya Januari huko mnaweza kuikisia. Umeme ukakatika kwenye nyumba nyingi. Watu wakawasha redio za betri. Vituo sita vya kibiashara vya mji huo vilikuwa vya kampuni moja. Polisi walipiga simu kituoni, hawakupata wa kuwajibu kwa wakati. Kampuni ilisema baadaye kwamba mtu alikuwapo, na kwamba polisi hawakuutumia ipasavyo mtambo wa tahadhari. Huenda kila upande una sehemu yake. Mtu mmoja alikufa usiku ule, mamia wakaumia macho na mapafu, na kwa muda fulani redio za mji zikaendelea kupiga muziki uliopangwa.

Samahanini, nakunywa maji.

Nalisimulia hili kwa sababu lilinifika karibu. Niliwahi kufanya kazi kituo kimoja, sitakitaja, kilicholeta kompyuta ya kupanga nyimbo. Nilifurahi kama wote. Usiku tukaanza kufunga mlango na kwenda kulala. Mvua za masika zikaja, daraja la kijiji cha pili likabomoka saa nane usiku, na mwenyekiti wa kijiji akatembea na tochi hadi kituoni kwetu kuomba tutangaze magari yasipite. Aligonga. Ndani taa zilikuwa zinawaka na muziki unapiga. Alituambia kesho yake: nilijua mpo, maana niliwasikia. Hakuna aliyepotea majini, dereva wa lori aliliona shimo. Lakini yale maneno yake, niliwasikia, bado yananiamsha. Nilimwendea meneja tukapanga zamu za usiku upya, nami nikachukua ya kwanza.

Ukiwa zamu ya usiku unajifunza kitu ambacho Gilroy walikijua. Mtu wa kuchagua wimbo na mtu wa kufungua mlango ni mtu mmoja. Ukimwondoa kwa sababu kompyuta inachagua vizuri, umemwondoa na yule wa mlangoni. Wasikilizaji wetu waliotuma kadi za salamu, tukizipanga mezani kama karata, walikuwa wanajua jina la aliyezisoma, na sisi tukajua mwandiko wa kila mmoja. Ilipopita wiki bila kadi ya mzee fulani wa Mkinga, tulimtuma mtu akaulize. Kwa kweli alikuwa mgonjwa.

Kwenye barua yangu kwenu niliomba kila kituo kije na wimbo mmoja wa watu wa kwenu, ambao haumo kwenye kompyuta yenu. Naona mifuko ya kanda pale, na mama mmoja amekumbatia santuri kwenye khanga. Nimeambiwa wenzetu wa Pangani wamekuja na kanda ya beni la harusi, imekatika mahali pawili na fundi wao ameiunga kwa gundi. Deki iko hapa mezani, nimeisafisha kichwa asubuhi kwa spiriti. Tuanze na hiyo ya Pangani. Atakayesikia wimbo unaomkumbusha wake, anyanyuke, afuate yeye.